Kikao cha Chama cha Vyombo vya Shughuli, Wambaa, juu ya Kura za Fatiha

TAREHE: Jumanne, 16 Oktoba 1962, sawa na 17 Mfungo Nane 1382
MAHALI: Barazani kwa Mwenyekiti (zamani tukikutana skuli)
SAA: Kumi na robo, baada ya sala ya alasiri

Yafaa ijulikane na kila atakayezisoma kumbukumbu hizi, kuanzia hapa Wambaa hata afisi ya Mudiri wa serikali, kwamba Katibu aliyeziandika, Jecha Shaame, ndiye nguzo ya Chama hiki, na bila ya kalamu yake vyombo vyetu vya harusi na matanga vingekwisha zamani. Barua za Katibu zikifika Mkoani husomwa kwa kusimama. Mwaka ule meli ya serikali ilipopotea kwa ukungu, ni Katibu aliyeandika kwa mkaa juu ya mlango wa ghala, kwa herufi kubwa, BANDARI HII HAPA, na nahodha akasoma akaingia salama. Ushahidi upo, ila mlango umekwisha kupakwa rangi. Tuendelee.

WALIOHUDHURIA
1. Bw. Pandu Hija, Mwenyekiti (wa mwaka mmoja, tangu 1959)
2. Bw. Jecha Shaame, Katibu
3. Mwalim Safari, mwalimu wa chuo cha Kurani na msomaji dua wetu
4. Bi Mwanakhamis Nassor, mpishi mkuu wa shughuli
5. Bi Moza Shaame, dada yake Katibu, mama wa bibi harusi
6. Bw. Ratilal, mwenye duka, mume wa Bi Dhanlaxmi
7 hadi 14. Wanachama wengine wanane, majina yamo daftarini

WASIOHUDHURIA
Hakuna. Kwa uamuzi wa Machi mwaka huu aliyekosa kikao hukosa sufuria, kwa hiyo hata wenye homa walikuja na mablanketi yao.

KUMB. NA. 1/62: KUFUNGUA KIKAO

Mwenyekiti alifungua kikao kwa kukaa. Kiti chake cha mikono kilitolewa ndani na wanachama walikaa jamvini. Bi Moza aliuliza kama jamvi hilo ni katika majamvi ya Chama. Mwenyekiti alijibu kwamba ndilo, na linafanya kazi ya Chama, yaani kukaliwa na wanachama.

Mwenyekiti alieleza kwamba ajenda ni mbili tu: ombi la Bi Moza la vyombo vya harusi ya binti yake Time, na jina jipya la cheo cha Mwenyekiti. Alisema anataka tumalize kabla ya magharibi kwa sababu ana ng'ombe wa kufunga.

KUMB. NA. 2/62: KUSOMA KUMBUKUMBU ZA NYUMA

Bi Moza aliomba zisomwe kumbukumbu zote, tangu 1959. Mwenyekiti alisema wakati haupo. Mwalim Safari alisema yeye ni mtu mzima sasa, na kabla hajafa angependa kujua miaka yote hii amekuwa akiitikia Amin ya nini. Kabla Mwenyekiti hajajibu, Katibu alisimama upesi, maana tangu aanze kuandika ilikuwa mara ya kwanza mtu kutaka kusikia.

Katibu alisoma kwamba mwaka 1959 Bw. Pandu Hija alichaguliwa kwa mwaka mmoja, kwa kokwa za ukwaju zilizotiwa ndani ya birika, kila mtu na kokwa yake na siri yake. Wakati ule vyombo vilikuwa vimetawanyika vibaya. Sinia tulizokuwa nazo zilikuwa kumi na tisa, na sufuria moja kubwa ilipatikana Mkoani imetiwa chokaa. Bw. Pandu alipita nyumba kwa nyumba na gari lake la ng'ombe, na kabla ya mwaka kwisha sinia zikawa arobaini kamili. Hili wanachama wote walilikubali tena hapo barazani, na Bi Moza alisema kweli ni kweli.

Katibu alisoma kwamba mwaka 1960 siku ya uchaguzi iliangukia kati ya mavuno ya karafuu. Mwenyekiti alieleza kwamba watu wamechoka, na birika lenyewe linahitajika kwa chai ya wachumaji, basi uchaguzi usubiri kidogo, na kura iwe ya mikono. Alisema: "Wanaokubali, na tumalize kikao chetu kwa Al-Fatiha." Mikono iliinuka. Ndiyo 25, hapana 2.

Mwaka 1961 Mwenyekiti alieleza kwamba amesikia redioni serikali imetangaza hali ya hatari, na Chama hakiwezi kubaki nyuma. Kwa usalama, vyombo viondolewe ghala la Bw. Ratilal vipelekwe nyumbani kwa Mwenyekiti, kwa kuwa Bw. Ratilal ameonekana ni mpinzani. Al-Fatiha. Ndiyo 25, hapana 2. Machi mwaka huu iliamuliwa kwamba ombi la vyombo atalikatia shauri Mwenyekiti peke yake, kwamba asiyefika kikaoni hapewi, na kwamba atakayekikosea kiti aombe radhi. Al-Fatiha. Ndiyo 25, hapana 2.

Hapo Bw. Ratilal aliinua kidole. "Bwana Katibu, samahani. Huyo anayekataa kila mara ni nani?"

Katibu alijibu: "Ni weye, Bwana Ratilal."

"Mimi? Mimi sijakataa kitu! Ninyi mnasoma dua yenu, mimi naweka mikono magotini, nakaa kimya kwa adabu."

Katibu alieleza kwamba mkono usioinuka ni mkono uliokataa, na Bw. Ratilal anayo miwili.

Bw. Ratilal, ambaye hesabu anaifanya hata akilala, aliuliza: watu ni kumi na nne, kura ishirini na saba zimetoka wapi? Katibu alieleza kwa utulivu kwamba uamuzi ulisema kura za mikono, haukusema kura za watu. Watu kumi na tatu wana mikono ishirini na sita. Toa mmoja wa Katibu ulioshika kalamu, inabaki ishirini na tano. Hesabu hii haina kosa hata wakija kuikagua kutoka Unguja.

Bi Mwanakhamis alicheka mpaka akajifunika kanga usoni. Alisema: "Masikini Ratilal! Mwaka mzima nampita dukani simwamkii. Nasema, huyu ndiye anayetuvurugia Chama."

Bw. Ratilal alisema: "Loo! Ndiyo maana bizari ukanunua kwa mwengine. Bi Dhanlaxmi kila siku ananiuliza, umemfanya nini Bi Mwanakhamis? Mimi nasema sijui, labda pilipili ilikuwa ya zamani."

Bi Moza aliuliza: "Kwa hiyo na mie nimekubali? Nimekubali Pandu akalale na sufuria zetu?"

Mwenyekiti alieleza kwamba halali nazo, zimo chumba cha pili. Kisha alimuuliza Bi Moza kama aliinua mikono au hakuinua.

"Niliinua kumuomba Mola!"

"Basi Mola alikuona, na Katibu alikuona," Mwenyekiti alisema. Kumbukumbu zilipokelewa, kwa kuwa hakuna aliyejua njia ya kuzirudisha.

KUMB. NA. 3/62: OMBI LA BI MOZA SHAAME

Bi Moza alieleza kwamba Time anaolewa Ijumaa hii, na watu wa bwana harusi wanakuja kutoka Gombani na magari mawili. Pamoja na watu wa hapa hawapungui mia tatu. Aliomba sufuria tatu kubwa, sinia thelathini na majamvi yote.

Mwenyekiti alieleza kwamba kwa upande wake hana ugomvi na Bi Moza, ila kiti kina ugomvi. Alikumbusha kwamba mwezi wa Agosti, mbele ya watu, Bi Moza alimuuliza: "Pandu, mwaka wako una miezi mingapi?" Maneno hayo yamo daftarini. Kwa hiyo aombe radhi kwanza, hapa hapa, vyombo vifuate.

Bi Moza aliuliza amuombe radhi Pandu au akiombe kiti. Mwenyekiti alijibu kwamba ni kitu kimoja. Bi Moza alisema basi Pandu asimame kidogo, tuone kipi kitajibu. Wanachama kadhaa walikohoa.

Mwenyekiti alisema mzaha huo ndio unaomponza. Aliongeza kwamba amepata habari Bi Moza huonekana jioni nyuma ya duka, amekaa na mke wa mpinzani. Bw. Ratilal alisema wanashona mito ya harusi. Mwenyekiti alisema yeye hakusema wanashona nini.

Hapo Bi Moza aliacha mzaha. Alisema kwa sauti ya chini, na Katibu aliyaandika kama yalivyotoka: "Pandu, tumekua pamoja. Time umempakata mikononi mwako. Ijumaa watu mia tatu watakaa uwanjani kwangu. Niwapikie kwa vichungu, wale kwa zamu kama wagonjwa? Mwanangu aende kwa watu na aibu hino?"

Mwenyekiti alitazama ng'ombe wake. Alisema sheria si yake, sheria ni ya Chama, na Bi Moza mwenyewe aliipitisha.

Katibu, kwa kuwa ni mjomba wa bibi harusi, na kwa kuwa amekwisha kuwaambia jamaa wote hadi Mkoani kwamba vyombo vitakuja kwa neno lake moja, alisimama alitoe neno hilo. Mwenyekiti alimwambia kazi ya katibu ni kuandika. Katibu alikaa, akaandika hivyo. Bi Moza alimwangalia kaka yake, na hilo pia limeandikwa.

KUMB. NA. 4/62: JINA LA CHEO CHA MWENYEKITI

Mwenyekiti alieleza kwamba habari ya mwaka mmoja imekuwa ikiwababaisha wanachama na kuwatia katika maswali. Ili watu wapumzike, alipendekeza cheo chake kiitwe Mwenyekiti wa Kudumu, na birika la uchaguzi ligawiwe kwa mwenye shida ya birika.

Alisema: "Mie sikutaka ukubwa. Mlinifuata wenyewe shambani. Lakini nambieni, nikiondoka mie, hizo sinia zitabaki arobaini? Mwezi hautimii, zitakuwa zinafunikia kuku."

Mwanachama mmoja mwenye blanketi alisema hilo ni kweli. Mwengine alisema kweli, ila kudumu ni kurefu. Wa tatu alisema bora tukubali tukafunge mbuzi. Katibu aliona kwamba barazani hapakuwa na mtu aliyependa jambo lile, na hapakuwa na mtu aliyejiandaa kulikataa, maana kila mmoja ana binti, au ana mzee mgonjwa ambaye shughuli yake haiko mbali.

Mwenyekiti alikaa sawa akasema: "Basi, wanaokubali, na tumalize kwa Al..."

Bi Moza alisema: "Ngoja, Mwenyekiti. Kabla hujamaliza, naomba dua ya mwanangu. Au na dua nayo inataka uombe radhi kwanza?"

Mwenyekiti alijibu kwamba dua ina ruhusa, na kwamba Chama hakijawahi kumkatalia mtu dua.

KUMB. NA. 5/62: DUA YA BIBI HARUSI

Bi Moza alipiga magoti jamvini akasema, kwa sauti iliyofika barabarani:

"Mola amjaalie Time ndoa yenye heri na kizazi chema. Amjaalie sufuria tatu kubwa, sinia thelathini na majamvi, kesho asubuhi, juu ya gari la ng'ombe la Bwana Pandu. Na Bwana Pandu naye amjaalie afya na nguvu ya kusimama uchaguzi leo hii, kwa kokwa za ukwaju kama zamani. Al-Fatiha!"

Mwalim Safari alianza kusoma pale pale, maana yeye akisikia neno hilo hasubiri. Wanachama wote waliinua mikono. Mwenyekiti naye aliinua yake, yote miwili, kwani hakuna muungwana anayeweza kuacha mikono chini bibi harusi anaombewa, tena nyumbani kwake. Bw. Ratilal aliunganisha viganja vyake mbele ya kifua, kwa desturi yao. Katibu aliweka kalamu chini. Ilisomwa mpaka mwisho, wakaitikia Amin, wakapangusa nyuso.

Bi Moza alisema: "Kaka Jecha, hesabu."

Katibu alihesabu. Ndiyo 28, hapana hakuna.

Mwenyekiti alisema kwa haraka kwamba ile ilikuwa dua, haikuwa kura.

Mwalim Safari alimuuliza: "Na zile nyengine, Pandu, zilikuwa nini?"

Katibu alisubiri jibu kwa muda wa mtu kunywa kikombe kizima cha kahawa, kalamu ikiwa tayari. Mwanachama mwenye blanketi alianza kucheka, kisha wa pembeni yake, na mwisho Bi Mwanakhamis akasema: "Yakhe Pandu, umejipinga mwenyewe kwa mikono miwili!"

Mwalim Safari aliwanyamazisha. Alisema yeye ana aibu zaidi kuliko Pandu, kwa kuwa Pandu alisema neno moja tu, na yeye ndiye aliyekuwa akiisoma sura nzima. Alisema Fatiha si muhuri wa afisi. Alisema pia kwamba desturi ile ilianza kwa uchovu wa karafuu, watu wakitaka kwenda nyumbani upesi, na hakuna aliyegeuka nyuma kutazama nini kimepita. Alisema: "Moza naye amekosea, ila kosa lake lina harusi ndani. Vyombo apewe, ni vya watu. Na kuanzia leo dua iwe dua, kura iwe kura, na kati yake watu wanyanyuke wanyooshe miguu."

KUMB. NA. 6/62: UCHAGUZI

Birika lilipatikana jikoni kwa Mwenyekiti, lina chai. Chai ilinywewa.

Bw. Ratilal alimpendekeza Bi Mwanakhamis Nassor. Alisema hili ndilo pendekezo lake la kwanza baada ya miaka miwili ya upinzani asioujua, na sababu yake ni kwamba Bi Mwanakhamis anazijua sufuria kwa majina. Bw. Pandu alijipendekeza mwenyewe. Kila mwanachama alipewa kokwa moja ya ukwaju, ya Bw. Pandu, na punje moja ya hindi, ya Bi Mwanakhamis. Ilikubaliwa moja itiwe birikani na nyengine ifichwe kiganjani, na kwamba kila mtu atatia mara moja, awe na mikono mingapi. Maneno haya ya mwisho aliyataka Bw. Ratilal.

Matokeo: hindi nane, kokwa tano, na kifungo kimoja cha shati ambacho hakikudaiwa.

Bw. Pandu aliomba zihesabiwe tena, zikahesabiwa. Aliomba mara ya tatu, akahesabu mwenyewe, moja moja, akizipanga juu ya mkono wa kiti. Bi Mwanakhamis alimwambia: "Njoo ukae huku, Pandu. Jamvi ni lako pia." Watu walisogea, akashuka, akakaa. Kiti kilibaki kitupu hadi mwisho wa kikao, maana Bi Mwanakhamis alisema kinamuumiza mgongo hata kukitazama.

Iliamuliwa: vyombo virudi ghala la Bw. Ratilal, vikao virudi skuli, na muda wa Mwenyekiti uwe mwaka mmoja, wa miezi kumi na miwili, unaokwisha tarehe kumi na sita Oktoba elfu moja mia tisa sitini na tatu. Katibu aliambiwa aandike kwa maneno na ameandika. Bi Mwanakhamis aliomba pia iandikwe shukrani kwa Bw. Pandu kwa sinia arobaini. Wote walikubali kwa kusema tumekubali.

Bw. Pandu alisafisha koo, akauliza: "Sasa hilo gari la ng'ombe, Moza, unalitaka saa ngapi?"

Bi Moza alisema: "Jua likitoka, kaka yangu. Na Ijumaa uje mapema, unikalishie watu wa Gombani. Weye wakuogopa."

KUMB. NA. 7/62: MENGINEYO NA KUFUNGA

Mwenyekiti mpya alimuuliza Katibu swali. Alisema: "Jecha, Pandu nimemwelewa, na sisi wengine tulikuwa tumefumba macho, tunasoma. Macho yaliyokuwa wazi yalikuwa yako tu. Mkono wa dua na mkono wa kura waujua. Ulikuwa unaandika nini?"

Katibu alieleza kwamba mambo ya uandishi ni marefu, na kwamba hata afisi za serikali Unguja hutumia njia hiyo hiyo, ambayo yeye mwenyewe aliwafundisha kwa barua. Mwenyekiti alisema hakuuliza habari za Unguja. Bi Moza alisema: "Kaka, sema. Nimeshapata sufuria, sitakasirika."

Katibu alisema ataandika jibu akipata nafasi. Mwenyekiti alisema nafasi ni hii, na kwamba hatatia sahihi yake mpaka alione jibu kwa hati ya Katibu. Wanachama walikaa wakangoja. Kikao kilifungwa saa kumi na mbili kasorobo, baada ya Katibu kumaliza kuandika mistari ifuatayo, na dua ilisomwa peke yake.

Jibu la Katibu: Kila shughuli ikimalizika, sufuria zikirudishwa kwa Bw. Pandu, yeye alikuwa akinipelekea ukoko wa pilau wa sufuria kubwa, ule wa chini wenye mafuta, umefungwa kwa jani la mgomba. Nikiula nyuma ya nyumba, peke yangu, hata mke wangu hajui.

Bi Mwanakhamis Nassor, Mwenyekiti (ametia sahihi kwa herufi za Kiarabu)

Jecha Shaame, Katibu